Siku Niliyomwalika Abu Nasser Aje Aone Tizi Yangu

Nianze kwa kukiri, maana wengine wenu mmeshaiona ile video na mnanyamaza tu kwa heshima: ndiyo, yule jamaa wa tishati ya kijani, gita shingoni, anayewaelekezea watu wazima na watoto wao maiki wapige kelele, ni mimi. Si mtu anayefanana na mimi. Ni mimi Barasa, soja wa mnara mmoja pale The Pearl, Doha, miaka mitano bila barua ya onyo, mtu wa kwaya, ambaye kwa akili zake zote alipanda jukwaani Ijumaa asubuhi mbele ya familia za watu na kupaza sauti neno ambalo nitawaeleza likifika mahali pake, msinikimbize. Na kabla hamjaanza kucheka niseme hivi: wimbo wenyewe ni mkali. Aibu nimeikubali, lakini wimbo ni mkali, hapo hamnitoi.

Wimbo ulianzia getini. Kule chini kwenye pakingi ya mnara wetu kuna lile geti la mkono, gari likija linanyanyuka, na kila likinyanyuka linalia ti, tii-ti, ti, halafu likishuka linagonga chuma, du. Ukisimama nalo saa kumi na mbili kwa siku (mimi nilisimama nalo miezi minane kabla sijapandishwa kuja mapokezi) utachagua moja, uwe mwendawazimu au uwe mwanamuziki, na mimi damu yangu ilikuwa imeshaharibika tangu shule ya bweni, ambako mwalimu wetu wa fizikia alikuwa akitupigia kanda zake za rock kila Jumamosi akidai eti anatufundisha mawimbi ya sauti. Nikauchukua ule mlio wa geti, nikaushusha kwenye nyuzi nene za gita, nikaukwaruza polepole, nikawaambia wenzangu kule chumbani kwetu Al Wukair, tunakolala wafanyakazi, sikilizeni, hii ni rock, ile ya zamani, ya wanaume wa nywele ndefu. Nywele sikuwa nazo, kampuni inataka kichwa kilichonyolewa, lakini moyoni zilinifika mabegani.

Bendi ni watu watatu. Kuna Mukasa, Mganda wa Masaka, soja wa jengo la pili na jirani yangu wa kitanda (ndiyo, mkasa huu una Mukasa ndani yake, huo utani tumeshauchoka), yeye ndiye mpiga drams, ingawa drams zenyewe hakuwa nazo; miaka miwili alipigia ndoo tatu za rangi, sufuria moja na godoro lake mwenyewe, na nawaambia lile godoro lilitoa sauti ambazo wengine hawazitoi kwenye vyombo vya kweli. Kuna Njeri, nesi, dada wa Nyeri asiyecheka ovyo, anapiga besi kanisani na ndiye mwenye laptop na mambo yote ya kurekodi. Halafu mimi, gita na sauti, na kama mnavyonijua, maneno pia.

Maneno nilimwibia Mukasa bila yeye kujua. Kila akitoka kazini, miguu imevimba, badala ya kulala anakaa kwenye zile ndoo, na ukimwambia pumzika anakujibu, "Hapana, ssebo, mimi nataka tizi kwanza." Neno alilipata kwetu Wakenya, na nyinyi mnalijua, tizi ni mazoezi, iwe ya mpira, ya kwaya au ya gwaride, hakuna mtoto wa Kenya aliyevaa viatu vya mpira asiende tizi. Mwanzoni kiitikio nilikiandika na neno "mazoezi", Mungu ni shahidi, karatasi ninayo. Lakini ma-zo-e-zi ni silabi nne, ukiipeleka kwenye ule mlio wa geti inapita kwa shida kama mtu na sanduku lake kwenye mlango wa basi. Rock inataka ngumi mbili: ti, zi. Basi nikachukua kalamu, nikakata "mazoezi", nikaandika "tizi". Kiitikio kikawa: "Tizi! Kila siku tizi! Tizi! Tizi ni ya wote!"

Huo ndio uamuzi wenyewe. Neno moja, kalamu moja, na yote mliyoyaona kwenye simu zenu yalitoka hapo.

Na nilionywa, hilo ndilo linaloniuma mpaka leo. Kuna mtu anaitwa Swaleh, wa Mombasa, Mji wa Kale, dereva wa familia moja inayokaa kwenye mnara wetu, miaka kumi na miwili yuko Doha na Kiarabu anakisema kama amezaliwa hapa. Swaleh ni rafiki yangu, lakini ana ugonjwa wa watu wa Pwani wa kutusahihisha sisi wa bara Kiswahili. Ukisema "nyumba yake imechomeka" chai inapoa akikueleza tofauti ya kuchomeka na kuungua. Kwa hiyo maneno ya wimbo nilimficha. Ila Alhamisi moja alikuja kututembelea tukiwa katikati ya kiitikio, Njeri yupo, Mukasa yuko kwenye ndoo, na Swaleh akasimama mlangoni na viatu mkononi, macho yamemtoka.

"Barasa, wimbo mzuri, mashallah," akasema tulipomaliza. "Lakini neno hilo liwate."

(Kuwata ni kuacha, kwa watu wa Mombasa.)

"Niliwate kwa nini?"

Akamtazama Njeri, akaitazama chai yake, akamtazama Njeri tena. "Si neno zuri. Sema mazoezi."

Si niliwaambia? Nilijua atasema mazoezi! Nilicheka mpaka nikashika ukuta. "Swaleh, kaka yangu, hiki si Kiswahili cha mtihani. Hii ni rock."

"Ndugu yangu, mimi sisemi Kiswahili, nasema..."

Sikumwacha amalize. Niliinyanyua sauti ya gita, Mukasa akadhani ni ishara akaingia na sufuria, na Swaleh wa watu akanywa chai yake akaondoka. Yule ni mtu mwenye adabu zake, mbele ya dada wa watu kuna maneno hayatoki kinywani mwake hata umshikie panga, na mimi nikazichukua zile adabu nikadhani ni kiburi cha sarufi.

Wiki ile ile Mukasa akapata barua. Jengo lake lilibadilisha kampuni ya ulinzi na mkataba wake haukuendelea, tiketi ya kurudi nyumbani ikakatwa, ya Jumamosi asubuhi ya wiki iliyofuata. Alikaa kitandani akiizungusha ile karatasi mikononi, na Mukasa si mtu wa kuomba, sijawahi kumsikia akiomba hata chumvi, lakini siku ile aliniambia, "Barasa, mimi miaka mbili nimepiga ndoo. Mara moja tu nataka nirekodi na drams ya kweli. Niende nyumbani na kitu. Watoto wangu wanajua baba yao ni mtu wa kufungua mlango." Akasema hivyo akaanza kukunja soksi. Mimi nikamwambia kwa sauti ya mtu mwenye studio yake, "Utarekodi, na drams za kweli, kabla hujapanda ndege." Sikuwa na wazo lolote nitazitoa wapi, lakini mimi nikishasema nimesema.

Na mpate kujua kwamba bahati ilikuwa yangu, kesho yake tu Madam Joy akashuka mapokezi na tangazo mkononi. Madam Joy ni Mfilipino, msimamizi wa shughuli za wakaaji wa mnara, mama mmoja mchangamfu ambaye hata akikukaripia anakukaripia kwa tabasamu. Tangazo lilisema Ijumaa kutakuwa na asubuhi ya michezo kwa wakaaji wote kwenye bustani iliyo mbele ya mnara, na jukwaa, na muziki, na bendi ya kukodiwa. Nikamuuliza kama hiyo bendi inakuja na drams. Akasema ndiyo, seti nzima, na fundi wa mitambo. Nikaiweka tai yangu sawa.

"Madam, mimi nina bendi. Na nina wimbo wa michezo."

"Unaitwaje?"

"Tizi. Kwa lugha yetu maana yake mazoezi. Mazoezi ni ya watu wote."

"Tizi!" akasema, akapiga makofi. "Fupi! Tamu! Tizi!"

Alilipenda lile neno kuliko nilivyolipenda mimi. Mchana akanipigia simu kusema halitakuwa jina la wimbo peke yake, litakuwa jina la siku nzima. Kutakuwa na bango, kutakuwa na tishati za kijani kwa masoja wote kumi na wawili watakaoongoza watu kunyoosha viungo, na moja yangu mimi, kifuani TIZI kwa herufi za Kizungu na mgongoni kwa herufi za Kiarabu, ili wenyeji wajisikie wamekaribishwa. (Karani wa ofisi anayejua Kiarabu alikuwa likizo kwao Misri. Kila nikiwaza jambo hili nawaza ile likizo.) Baadaye Madam alinihadithia kwamba mtu wa duka la kuchapisha alimpigia simu mara mbili kuuliza kama ana hakika, na mara zote mbili akamjibu ana hakika kabisa, ni neno la Kiafrika.

Halafu kuna jambo la lifti, ambalo haliko kwenye video na ningeweza kulificha, lakini nimeshaamua kusema yote.

Ghorofa ya kumi na tisa anakaa mzee mmoja wa hapa hapa, Abu Nasser, mtu wa kanzu nyeupe isiyo na kunjo na tasbihi ya kahawia, aliyenizoea kiasi kwamba kila asubuhi akishuka ananiletea tende mbili kwenye kitambaa cha karatasi, mbili tu, kila siku. Heshima niliyonayo kwa yule mzee ni ya baba. Basi Jumatano nikapanda naye lifti nikimbebea mzigo, na kwa Kiingereza chetu cha mapokezi nikichanganya na Kiarabu changu cha kuokota, nikamwambia kwa fahari yote, "Baba, Ijumaa uje bustanini na familia. Nataka uone tizi."

Abu Nasser akaacha kuhesabu tasbihi. "Uone nini?"

"Tizi, baba. Tizi yangu. Nimeitayarisha miezi mingi."

Akatazama mlango wa lifti. "La, la, shukran, Barasa."

Mimi nikaona ni ule unyenyekevu wa wazee, wa kutotaka kusumbua watu, nikasisitiza. Nikamwambia si yangu peke yangu, wenzangu wote wataonyesha, na wageni wanakaribishwa kujaribu. Lifti ilipofunguka mzee alitoka akiharakisha, mzigo akauchukua mwenyewe. Alhamisi hakuniletea tende.

Ijumaa ikafika, na nisiwadanganye, ilikuwa asubuhi nzuri, ule msimu ambao Doha mtu anaweza kukaa nje bila kuungua, upepo kidogo kutoka kwenye boti za matajiri, watoto wanakimbia kwenye nyasi. Saa moja na nusu tukapanda jukwaani kupima vyombo. Mukasa alipoziona zile drams alisimama mbali kwanza, kama mtu aliyefika kwa wakwe, halafu akaenda akagusa kila kimoja kwa kidole, akakaa, akarekebisha kiti mara nne. Fundi wa mitambo, Biju, Mhindi wa Kerala, alikubali kuturekodi kila chombo kwenye njia yake, na akamvisha Mukasa hedifoni kubwa za kuziba masikio zenye mlio wa kuhesabu mapigo, ili asipotee. Kumbukeni hizo hedifoni.

Bango lilikuwa bado limekunjwa. Masoja walivaa tishati zao bila kujua maandishi ya mgongoni yanasemaje, Kiarabu chetu ni cha kuokota maneno mawili matatu, kusoma hatujui.

Tukaanza. Jamani, tukaanza! Gita likalia kama lile geti lakini geti lenye hasira, Njeri akaingia na besi mpaka nyasi zikasikia, halafu Mukasa akashuka, na hapo nikajua kwamba kwa miaka miwili nilikuwa nalala jirani na mtu mkubwa bila kumjua. Macho ameyafumba, mikono inaruka, miaka yote ya ndoo ikawa inatoka kwa wakati mmoja. Kidogo tu nilie. Wafanyakazi wawili wakakata kamba ya bango, likafunguka nyuma yetu, mita sita, TIZI, kwa herufi za Kizungu na za Kiarabu, na chini yake kwa Kiingereza maneno ya kuwaambia watu kwamba ni ya wote.

Nikafika kwenye kiitikio. "Tizi!" nikasema. "Tizi!" masoja kumi na wawili wakaitika. Nikawaelekezea watu maiki. Wafilipino wakaitika, Wahindi wakaitika, mama mmoja Mwingereza mwenye mbwa akaitika kwa nguvu mpaka mbwa akashtuka. Na watoto wa Kiarabu! Wale waliitika kuliko wote, wanarukaruka, wanaanguka kwenye nyasi wakicheka, wanaamka wanapiga kelele tena, "Tizi! Tizi!", na mama zao wanawakimbiza kuwaziba midomo. Simu zikatoka. Nikaona baba mmoja amegeuka nyuma mabega yanamtikisika. Sasa mtu wa jukwaani akiona watoto wanaruka, akina mama wanakimbia na akina baba wanatikisika, unataka aelewe nini? Nilielewa kwamba nimefika. Nikashuka jukwaani na maiki yangu.

Nikaenda moja kwa moja kwa Abu Nasser. Alikuwa amekuja, kumbe alikuja, amekaa mstari wa mbele na wajukuu watatu. Nikapiga goti, nikamwekea maiki mdomoni, nikamwomba kwa macho. Mzee akavuta kitambaa chake cha kichwani akajiziba uso wote na kutikisa kichwa, hapana, hapana. Nikampa heshima yake, nikarudi jukwaani kwa kuruka, nikawageuza masoja wawape watu mgongo ili neno lisomeke vizuri, nikawaamuru wainame kunyoosha viungo, nikamalizia mstari wangu niliokuwa nimeutunza: "Tizi ni ya wote!"

Hapo ndipo nilipomwona Swaleh. Alikuwa amewarudisha mabosi wake kutoka mjini, na alitoka pakingi akikimbia, yule mtu asiyekimbia hata mvua ikimkuta, akapita katikati ya watu, akapanda jukwaani, akanishika bega na kunisogelea sikioni kuninong'oneza. Alininong'oneza kwa adabu kabisa. Lakini maiki nilikuwa nimeishika hapo hapo kidevuni.

"Barasa, ndugu yangu, hebu nisikize. Tizi kwa Kiarabu ni 'matako yangu'. Na wewe wawaambia watu ni ya wote."

Sauti ile ilitoka kwenye spika zote nne. Waarabu hawakuelewa Kiswahili, wao walikuwa wameshaelewa la kwao. Walioelewa ni wale masoja kumi na wawili, Wakenya watupu, wameinama, na mgongoni mwao maandishi. Mmoja akaanguka kifudifudi kwenye nyasi akabaki hapo hapo, mwingine akaanza kuvua tishati, akakumbuka ndani hana kitu, akairudisha. Njeri, dada asiyecheka ovyo, aliiweka besi chini taratibu kama anayelaza mtoto, akakaa sakafuni, akajifunika uso, akacheka mpaka akawa anapiga ubao kwa mkono. Mimi nilisimama. Kichwa kilikuwa kinarudi nyuma kama kanda, bango, tishati, maiki mdomoni mwa mzee wa watu, na kikafika kwenye lifti. Nataka uone tizi yangu. Nimeitayarisha miezi mingi. Wageni wanakaribishwa kujaribu. Nilitamani lile jukwaa linimeze na gita langu.

Na nyuma yangu Mukasa anapiga. Macho yamefumba, hedifoni zimeziba, kwake duniani mna yeye na ule mlio wa kuhesabu tu. Gita limekufa, besi imekufa, mwimbaji amekufa, yeye anapita ubeti wa tatu. Nikageuka kumsimamisha, mkono nimeshaunyanyua, halafu nikaona uso wake. Nawaambia sikuweza. Ile ndiyo mara yake moja. Kama ni kuaibika nilikuwa nimeshaaibika, dakika tatu zaidi haziongezi kitu, basi nikaushusha mkono nikabaki nimesimama chini ya bango langu, mbele ya watu mia mbili, sina la kufanya na mikono yangu, mpaka mtu amalize. Katikati ya pale nikasikia makofi yakifuata mapigo. Alikuwa Abu Nasser, kitambaa kimeshuka, machozi ya kicheko yanamtoka, anapiga makofi bila kukosea pigo hata moja, na wajukuu wakamfuata, na wengine wakawafuata.

Mukasa alipomaliza alifumbua macho, akaona watu wamesimama wanampigia makofi, akainama. "Banange," akaniambia akivua hedifoni, "wamependa!"

"Wamependa sana," nikamjibu. Ningemwambia nini?

Ofisini nilimkuta Madam Joy amekaa na lile bango limekunjwa mapajani, hatabasamu, na mkubwa wake, Mlebanoni mmoja mkavu, amesimama dirishani. Mkubwa akauliza nani aliyelileta hili neno. Madam akafungua mdomo, nikamuwahi. Nikasema ni mimi, Madam aliniuliza maana nikampa maana ya kwetu, na nilionywa lakini sikusikia. Nilisema nikijiona tayari nimekaa kiti cha pembeni ya Mukasa kwenye ndege ya Jumamosi. Mkubwa akachukua simu ya mezani. Kabla hajabonyeza, mlango ukagongwa akaingia Abu Nasser na tasbihi yake.

Wakaongea Kiarabu cha haraka, sikukishika chote, lakini mkubwa alirudisha simu mahali pake, na baadaye Swaleh alinifasiria alichokisema mzee: kwamba amekaa kwenye mnara huu miaka kumi na mmoja na wamemwalika kwenye michezo kila mwaka, na leo ndiyo mara ya kwanza amefanya zoezi, tumbo linamuuma kwa kucheka, na kama yupo wa kufukuzwa basi wamfukuze na yeye, maana alipiga makofi. Akamaliza akanigeukia mimi, akaniwekea mkono begani, na kwa kile Kiingereza chetu cha mapokezi akasema pole pole, "Barasa. Ulinialika nije nione. Nimekuja. Nimeona. Khalas."

Nikapewa barua ya onyo, ya kwanza katika miaka mitano. Madam Joy alipewa siku mbili za kujifunza kutabasamu tena. Tishati zote zikakusanywa, zilipohesabiwa zilikuwa kumi na mbili badala ya kumi na tatu, na mimi sikuuliza begi la nani limefungwa mapema.

Alasiri tukakutana chumbani Al Wukair, Mukasa, Njeri na laptop, mimi, na Swaleh niliyemwomba radhi mbele ya wote. Tukamweleza Mukasa. Alisikiliza mpaka mwisho, akauliza kitu kimoja tu. "Rekodi iko?"

"Iko," Njeri akamjibu. "Drams zako zimetoka zote, tangu pigo la kwanza mpaka la mwisho."

"Kale," akasema, yaani sawa. "Basi tuimbe tena hiyo ingine."

Tukarudia gita na besi na sauti pale pale, magodoro tumeyasimamisha kwenye madirisha, na neno tuliweka "zoezi", ambalo alilitoa Swaleh, silabi tatu, na kumbe linakaa kwenye ule mlio wa geti vizuri kuliko tizi, linafunga kabisa pale chuma kinapogonga, sijui nilikuwa nakimbilia wapi. Lakini Njeri alipounganisha vyote akakunja uso. Zile maiki za drams zilikuwa zimeshika na watu. Ukitega sikio, nyuma ya "zoezi" letu, unawasikia watu mia mbili na watoto juu yao wanapiga kelele "Tizi!" kwa mbali. Na haitoki. Ukitaka kuitoa lazima uzitoe drams za Mukasa.

Nikasema tuziondoe kwenye kiitikio, tuweke ndoo. Mukasa akafunga zipu ya begi lake. "Barasa, hapana toa. Mimi nilikuwa nimefunga macho, sijaona mutu hata mmoja. Sasa nawasikia. Hao ndio watu wangu."

Hatukuitoa. Wimbo ndio huo, upo, na ni mkali, ila ni wimbo wa rock ulioandikwa Doha ambao mwenyewe siwezi kuupiga Doha hata nikiwa peke yangu kwenye lifti. Mukasa hutuma sauti kutoka Masaka, watoto wake wanauimba kuanzia asubuhi, na wao wanaitika la nyuma, hili letu la mbele hawalitaki. Tende mbili zilirudi Jumapili, kwenye kitambaa kile kile cha karatasi, bila neno.

Na mimi nimeapa, mnishuhudie: sitaandika tena neno hata moja nikaliimba kwenye nchi ya watu kabla halijapita mikononi mwa Swaleh, na akiwa anaongea nitamwacha amalize sentensi yake. Juzi nilimpelekea wimbo mpya, wa mapenzi, safi kabisa, hauna tizi wala mazoezi. Aliusoma pole pole akinywa chai, akafika mstari wa nne, akamtazama Njeri, akaitazama chai, akaweka kidole kwenye neno moja bila kusema kitu. Sikumuuliza. Nilichukua kalamu nikalikata.